Mwanangu si mtoto wa kavera

Mwaka 2019 jirani yetu mmoja alitoka kibandani kuangalia muvi akaja moja kwa moja hadi mlangoni kwangu, hata viatu hakuvua, akaniambia mama, leo ugonjwa wa mtoto wako nimeuelewa, nimeuona kwa macho yangu. VJ, yule anayesimulia muvi kibandani, alikuwa amewatafsiria kwa Kiganda hadithi ya kijana aliyezaliwa bila kinga ya mwili, analala ndani ya chumba cha plastiki, wazazi wake wanamgusa kwa kuingiza mikono kwenye glavu zilizoshikishwa ukutani. Jirani alikuwa na huruma ya kweli, machozi yanamlengalenga, simlaumu mpaka leo. Lakini swali lililofuata ndilo lililonikata: sasa mbona wako yuko nje anacheza na matope, kwa nini hamumweki kwenye kavera?

Kavera ni mfuko wa nailoni, huku Uganda ndivyo tunavyouita. Wiki haikuisha watoto wa mtaani wakawa wanamwita mwanangu mtoto wa kavera. Alikuwa na miaka 6. Akarudi nyumbani akaniuliza kama kuna siku niliwahi kumfunga kwenye mfuko.

Naandika hii, mimi mama wa mtoto aliyezaliwa bila kinga kamili ya mwili, kwa ajili ya mama au baba ambaye yuko pale nilipokuwa mimi miaka ile, una mtoto anayeugua kila mwezi, dawa hazishiki, na kila unayemweleza anakuwa na picha tayari kichwani na picha yenyewe si ya mtoto wako. Hapa kwetu picha ziko mbili tu. Ya kwanza ni hiyo ya plastiki, imetoka kwenye muvi. Ya pili ni siliimu, yaani UKIMWI, na hiyo hatukuhitaji muvi, tuliiona majumbani mwetu.

Kwa Kiswahili tena ndio balaa zaidi. UKIMWI ni nini kirefu chake? Upungufu wa kinga mwilini. Kwa hiyo ukifungua mdomo ukasema mtoto wangu ana upungufu wa kinga mwilini, umeshasema UKIMWI, tena umeutaja kwa jina lake lote. Mimi nimekulia kambi ya polisi Nsambya, hapa Kampala, baba yangu alikuwa askari, Kiswahili ndicho tulichocheza nacho na kugombana nacho, na nakumbuka vizuri mwaka 1994 mdogo wangu wa kiume alivyokuwa anaugua. Masikio yanatoa usaha, kifua kinabana, anapona wiki mbili anarudi tena kitandani. Alikufa na miaka 4. Mama alipimwa, baba akapimwa, wote hawana kitu, na watu wa kambini wakasema askari hakosi hela ya kununua majibu. Kuna mama alikuwa anaazima sufuria yetu kubwa kila kukiwa na sherehe, baada ya mazishi hakuiazima tena. Mama yangu aliiweka ile sufuria juu ya kabati ikakaa pale miaka.

Siwalaumu sana, wakati ule nchi nzima ilikuwa inazika. Ugonjwa ulianza kuonekana Rakai kule Kasensero mwaka 1982, watu wanakonda mpaka wakauita slim, na sisi tukaufanya siliimu. Kitu kimoja kilichobadilisha watu ni kumuona mtu mwenyewe. Mwanamuziki Philly Lutaaya alisimama mwaka 1989 akasema mbele ya nchi ninao, akazunguka mashuleni na makanisani akiwa amedhoofika, mwezi wa 12 mwaka huohuo akafariki, na wale waliomsikia hawakuuona ugonjwa ule kama zamani tena. Alikuwa na uso, alikuwa na sauti, alikuwa na nyimbo. Sisi wenye watoto waliozaliwa bila kinga hatujapata mtu wetu wa namna hiyo. Tuna muvi tu, na muvi imetengenezwa mbali.

Sasa nikueleze ya kwangu, kwa sababu labda utaona kitu kinachofanana na chako.

Mwanangu alizaliwa 2013, mnene, miezi 6 ya kwanza hata mafua hakuwa nayo, majirani wanasema huyu kweli ni wa kambini. Baadaye ndio nimekuja kuelewa kwamba ile miezi alikuwa anaishi kwa kinga yangu mimi, ile niliyompa akiwa tumboni, ikawa inapungua kidogokidogo kama unga kwenye debe hadi ikaisha. Baada ya hapo masikio. Kisha nimonia, kisha nimonia nyingine kabla mwaka haujaisha, kisha usaha kwenye goti. Kila tunapokwenda tunaambiwa meno, vumbi, hali ya hewa. Kuna kliniki moja ilimpima VVU mara 3 ndani ya mwaka mmoja, sikukataa hata mara moja, ila kila nikichukua yale majibu nilikuwa naiona sufuria ya mama juu ya kabati. CD4 yake, zile chembe za kinga zinazoshambuliwa na VVU, ilikuwa nzuri kabisa, ndio maana wakachanganyikiwa.

Mwaka 2017 tukampata daktari mmoja mwanamke, mpole, anayesikiliza. Akachukua tochi na kijiti, akamwambia kijana sema aaa. Akaangalia. Akaangalia tena muda mrefu mpaka mtoto akaanza kukabwa. Akamwita mwenzake wa chumba cha pili naye akaja akainama. Kisha akaniuliza, mama, huyu alishatolewa tonsili? Nikasema hapana, hajawahi kupasuliwa popote. Akaniambia mtoto anayeugua masikio na koo kiasi hiki tonsili zingekuwa zimevimba kama korosho, wako hana hata dalili, koo limenyooka tu. Akazima tochi akakaa chini. Swali lililofuata sikulitegemea: una kaka au mdogo wako wa kiume aliyefariki akiwa mtoto?

Miaka 23 hakuna mtu aliyewahi kuniuliza hilo. Nililia pale kwenye kiti, mtoto ananiangalia.

Damu ilipimwa, zile imunoglobulini, yaani antibodi za damu zinazopigana na vijidudu, IgG, IgA na IgM, zikaja karibu na sifuri. Baadaye damu nyingine ikapelekwa nje kuhesabu chembe, chembe B, zile zinazotengeneza antibodi, hakuna. Ugonjwa unaitwa agamaglobulinemia, ule wa kurithi kwa jeni, wengine wanauita wa Bruton kwa sababu mwaka 1952 daktari wa jeshi la Marekani, Ogden Bruton, aliandika habari za mvulana wa miaka 8 aliyekuwa anaugua na kuugua, akapima damu yake akakuta sehemu ile ya gamaglobulini, yenye antibodi, haipo kabisa, akaanza kumdunga gamaglobulini ya watu wengine na kijana akatulia. Jeni yenyewe, BTK, ilijulikana 1993. Iko kwenye kromosomu X, kwa hiyo mama anaibeba bila kuugua na mtoto wa kiume ndiye anaumia. Bibi yangu aliibeba, mama yangu akaibeba, mimi nimeibeba. Nilimpigia mama simu usiku ule nikamwambia mtoto wako hakufa kwa siliimu. Alinyamaza, akasema rudia, nikarudia.

Jinsi ya kuwaeleza watu, nilihangaika sana mpaka nikaipata kutoka kambini kwetu. Watu wengi Uganda wameshafundishwa kwamba kinga ni askari. Mimi nawaambia hivi: mwanangu askari anao, wako getini, wana buti na wana kofia, lakini ghala la risasi ni tupu na alizaliwa hivyo, hakuambukizwa na mtu na hamuambukizi mtu, kwa hiyo kila wiki 4 tunamletea risasi za kuazima. Neno "kuambukizwa" naliweka mapema kabisa, kabla hawajapata muda wa kufikiria. Na siku hizi sianzi na "upungufu wa kinga", naanza na "amezaliwa bila antibodi", neno halina historia, mtu analazimika kuuliza ndio nini.

Turudi kwenye plastiki, kwa sababu ile hadithi si ya kubuni yote. Kulikuwa na mtoto wa kweli, David Vetter, alizaliwa Houston, Texas, tarehe 21 Septemba 1971. Kaka yake alikuwa ameshakufa na miezi 7 kwa ugonjwa uleule, kwa hiyo madaktari walijiandaa, David alipotoka tu tumboni akawekwa kwenye chumba cha plastiki kisicho na kijidudu wakisubiri wampandikize uboho. Hawakupata wa kufanana naye. Wakasubiri. Chakula, maji, nguo, kitabu, kila kitu kilisafishwa kabla ya kuingia. Mwaka 1977 NASA wakamshonea suti kama ya mwanaanga ili atembee nje kidogo. Oktoba 1983 wakajaribu uboho wa dada yake, na ndani ya ule uboho kulikuwa na kirusi kimejificha, cha Epstein-Barr, kikamletea saratani. Alitolewa kwenye plastiki akiwa mgonjwa sana, mama yake akamgusa ngozi kwa ngozi mara ya kwanza, siku 15 baadaye, tarehe 22 Februari 1984, akafariki. Miaka 12.

Mwaka 1976, David mwenyewe yuko hai ana miaka kama 5, televisheni ya Marekani ilishatoa muvi, John Travolta akiwa kijana ndani ya plastiki, kuna mapenzi na mwishoni anatoka. Tangu hapo kila miaka kadhaa wanaitengeneza tena, nyingine ya kuchekesha, nyingine ya mapenzi. Mimi niliyoshindwa kuimaliza ni ile ya kuchekesha. Kumfanya mtoto aliyekufa hivyo kuwa kichekesho, hapana.

Lakini ukiacha uchungu wangu, kuna kosa la kitabibu ndani ya hizo muvi na wewe mzazi lazima ulijue. Ugonjwa wa David ni SCID, kinga yote imekosekana, askari na risasi vyote havipo. Ni mkali kuliko wa mwanangu na mtoto bila tiba mara nyingi hafiki mwaka wa pili. Na tiba yake si plastiki! Plastiki ilikuwa ni kusubiri tu. Tiba ni uboho, na leo unaweza kutoka hata kwa mzazi ambaye amefanana na mtoto nusu tu, jambo ambalo David alipozaliwa halikuwezekana. Marekani tangu mwisho wa 2018 majimbo yote yanapima tone la damu la kila mtoto mchanga, na kule imeonekana kwamba waliopandikizwa kabla ya miezi 3 na nusu, 94 kati ya 100 walikuwa hai miaka 5 baadaye. Nasema hivi kwa sababu nimekutana na baba aliyeniambia tumeshajua ni huo ugonjwa wa muvi, hauna dawa, tumemuachia Mungu. Dawa ipo. Iko mbali na ni ghali, kuna familia zinachangisha zinaenda India, lakini kusema haipo ni kumzika mtoto anayepumua.

Na kuna jambo moja ambalo hakuna muvi itakayokuonyesha. Kile kirusi kilichomuua David kilijulikana kupitia watoto wetu. Daktari Denis Burkitt alikuwa hospitali ya Mulago, hapa Kampala, mwaka 1958 akaandika habari za uvimbe wa taya kwa watoto wa Uganda, vipande vya uvimbe vikawa vinasafirishwa kwa ndege kwenda London kwa Anthony Epstein, na mwaka 1964 yeye na wenzake wakakiona kirusi kwenye darubini. Nikipita karibu na Mulago huwa naikumbuka ile ndege, na wale watoto ambao majina yao hayakuandikwa popote.

Haya, tuje kwenye kuishi nao.

Dalili za kukufanya uombe kipimo si ugonjwa mmoja mkali, ni kurudia. Nimonia 2 ndani ya mwaka, masikio yenye usaha yasiyoisha, antibayotiki ya miezi 2 haifanyi kitu, jipu la ndani, utando mweupe mdomoni unaogoma kuondoka mtoto ameshavuka mwaka, mtoto haongezeki kilo. Na kubwa kuliko zote, wajomba au kaka waliokufa wadogo. Kipimo cha kwanza ni cha kawaida, ile picha kamili ya damu, mwambie daktari aziangalie limfosaiti, zile chembe nyeupe za kinga, zikiwa chache sana kwa mtoto mchanga ni kengele hiyo. Kisha uombe imunoglobulini. Usione aibu kuomba, mimi nilipoteza miaka mitatu na nusu kwa aibu.

Kuhusu VVU, pima, usigombane. Ila jua kwamba kile kipimo cha haraka kinatafuta antibodi, na mtoto asiyetengeneza antibodi kinaweza kusema hana hata kama anacho, kwa hiyo omba PCR inayotafuta kirusi chenyewe. Wa kwangu PCR ilikuwa safi na ile karatasi nimeilaminisha. Na akishaanza dripu ya hizo antibodi za kuazima, mwambie mtu wa maabara kila mara, kwa sababu sasa damu yake ina antibodi za wachangiaji na vipimo vingine vinaweza kuonyesha alama ya ugonjwa ambao hana.

Chanjo. Hapa nitasema polepole kwa sababu kuna watu wanatafuta tu sababu ya kuacha kuchanja. Chanja watoto wako. Chanja hasa ndugu wa mtoto mgonjwa, wao ndio ukuta wake. Lakini kama kwenye ukoo kuna watoto waliokufa kwa maambukizi, mwambie mkunga kabla hujajifungua, kwa sababu BCG, ile chanjo ya kifua kikuu, na matone ya polio yanatolewa siku za mwanzo na zote mbili ni vijidudu hai vilivyodhoofishwa, mtoto wa SCID vinaweza kumshinda. Kwa watoto kama wangu ni yale matone ya polio ndiyo tunayoyaogopa, ya sindano hayana shida, na ndugu zake nao ni bora wapate ya sindano maana anayepewa matone anayatoa chooni kwa wiki kadhaa. Huo si uamuzi wa kufanya peke yako nyumbani, daktari akuandikie karatasi, na karatasi uibebe. Zile timu za kampeni ya polio zikipita mlango kwa mlango mimi nawaonyesha karatasi, nawapa maji ya kunywa, tunaelewana.

Homa ikifika 38 hatusubiri kesho. Hatujaribu majani kwanza, hatununui vidonge viwili dukani. Kuna begi limetundikwa nyuma ya mlango lina daftari lake, nguo, chaja, na hela ya boda. Maji yote yanachemshwa, hata ya kupiga mswaki, neti haina tundu, na meno yanaangaliwa. Baada ya hapo mwache mtoto acheze. Ndiyo, matope pia. Daktari wake ndiye aliyeniambia akifungiwa ndani utamkuta mzima wa mwili na mgonjwa wa kitu kingine. Shule zilipofungwa kuanzia Machi 2020 hadi Januari 2022 aliugua kidogo kuliko mwaka wowote, huo ni ukweli, lakini pia aliacha kuongea na watu, akawa anajibu kwa kichwa. Tuliporudisha shule mafua yakarudi na maneno yakarudi. Mimi nilichagua maneno.

Shule moja iliniita ikaniambia nimtafutie mtoto sehemu nyingine kwa vile wazazi wameanza kuuliza maswali. Tukaondoka. Shule ya sasa nilianza mimi, siku ya kwanza nilikaa na mwalimu wa darasa na muuguzi, nikaeleza lile ghala la risasi, nikaacha namba 3 za simu na kipimajoto. Bweni hapana. Kutwa tu, na mtoto wa pembeni akikohoa, mwanangu ndiye anahamishwa dawati, si kwamba mwenzake anafukuzwa.

Dripu ndiyo maisha yetu yalipo. Ile chupa ni imunoglobulini inayotolewa kwenye plazma ya watu elfu moja na zaidi, wengi wao mbali huko, hawajui kuna mtoto Kampala. Inapimwa kwa kilo za mtoto, alipokuwa na kilo 20 zilikuwa chupa 2 za gramu 5 kila wiki 4, sasa ni 3. Bei yake inaniumiza, tunachangiana, baba yake analala dukani kwa ajili ya overtaimu, kuna miezi tumekosa na kifua kikatukumbusha. Mara nyingine haipo Kampala tunaagiza kutoka Nairobi, inakuja kwa basi kupitia Busia ndani ya kasha la barafu.

Mwaka 2020 niliharibu chupa. Niliipokea saa 4 usiku, nimechoka, nikaiweka kwenye friji nyuma kabisa ikagusana na ule ukuta wa barafu. Asubuhi naitoa naona kama theluji ndani, inasogea kwa vipande. Inatakiwa kati ya digrii 2 na 8, ikiganda imekwisha, hata ikiyeyuka ikarudi maji masafi usiitumie. Nilikaa chini sakafuni na ile chupa mkononi mpaka ikapata joto la mwili wangu. Mtoto alikuja akakaa karibu yangu hakusema kitu. Kwa hiyo nakuomba: rafu ya katikati, mbali na ukuta, kipimajoto cha friji ndani, umeme ukikatika usifungue mlango hovyo, na usiitikise chupa, itatoa povu. Siku ya dripu anywe maji mengi kuanzia asubuhi, ianze polepole sana, kichwa kikiuma wapunguze mwendo. Kila chupa ina stika yenye namba, ibandue uibandike kwenye daftari na tarehe, siku kukiwa na tatizo utajua ni chupa ipi.

Kuna muvi nyingine sina budi kuitaja, ya 2017, msichana wa miaka 18 hajawahi kutoka nje kwa sababu ya SCID, na mwishoni unagundua hakuwa mgonjwa, mama yake ndiye alimfungia kwa hofu zake. Binti wa dada yangu aliiangalia kwenye simu akiwa kwetu. Ilipoisha akaniangalia, akaangalia chupa kwenye friji, akasema auntie, hivi wewe una uhakika? Ni mtoto mzuri, aliuliza kwa upole. Lakini nilisikia baridi. Nilimtolea daftari, nikamwonyesha kurasa zote, IgG kabla na baada, nimonia 6 kabla ya dripu na 1 tu baada yake. Akasoma lote. Wazazi wa watoto hawa tayari tunashukiwa kwamba tunatia chumvi, maana mtoto akipata dripu anaonekana mzima. Anaonekana mzima kwa sababu anapata dripu. Weka daftari, litakusemea siku ambayo wewe umechoka kusema.

Na mabinti. Nina binti wa miaka 9, mzima kabisa. Anaweza kuwa amebeba jeni, nusu kwa nusu, kama nilivyobeba mimi. Kwetu mambo haya wanawake wanafichwa hadi wazae wazike, mama yangu hakuambiwa, mimi sikuambiwa. Nimeamua ataambiwa kidogokidogo, ameshajua kwamba mjomba wangu na mdogo wangu walikuwa na ugonjwa wa kaka yake, na akikua atapimwa akitaka mwenyewe.

Mwanangu mwaka huu amefikisha miaka 12. Aliipata habari ya David kwenye simu yangu, yeye mwenyewe, na nilimkuta jikoni amekaa kimya. Mama, alikufa na miaka 12. Nikasema ndiyo. Na mimi nina 12. Nikazima jiko. Nikamweleza tofauti yao yote, nikafika kwenye kile kirusi, nikamwambia kile kinakaa ndani ya chembe B, ndizo nyumba zake, na wewe chembe B huna. Akafikiria. Kwa hiyo kikija kwangu hakina pa kulala? Nikamwambia hakina. Akauliza mara mbili kama ni kweli au namfariji tu, nikampigia daktari simu mbele yake, daktari akamwambia ni kweli.

Jumanne iliyopita ilikuwa dripu. Alizibandua stika 3 mwenyewe, akazipanga kwenye daftari moja chini ya nyingine, akaandika tarehe, na chini yake kwa mwandiko wake: chupa 3, kichwa hakikuuma, nilikula rolex 2.